Kitabu chini ya matela: tukichome ao tukisome?



Yenga moja, kisha misa ya pili, mama mmoja wa parokia aliningojea karibu na mlango wa kanisa. Mkononi alikuwa na kitu kilichofungwa ndani ya kitenge. Hakunisalimia kwa urefu kama desturi yake. Alinivuta kando ya ukuta na kusema:

— Mwalimu, angalia hii kitabu. Niliipata chini ya matela ya mutoto. Anaisoma usiku na mwangaza ya telefone. Banasema ule mwenye kuiandika hakuamini Mungu. Mi nilitaka kuitia mu mbabula, lakini nikasema niulize kwanza.

Nilifungua kitenge. Kilikuwa kitabu chembamba, karatasi zake zimegeuka manjano, jalada limeshikwa na utepe. Kiliandikwa na Mfaransa Jean-Paul Sartre, na jina lake ni L'existentialisme est un humanisme. Mama alikuwa na haki. Sartre hakuamini Mungu, na hakuficha. Tena katika mwaka 1948 Kanisa letu liliweka vitabu vyake vyote katika Indeksi, ndiyo orodha ya vitabu ambavyo Wakatoliki walikatazwa kusoma.

Basi ningeweza kumjibu: «Choma, mama.» Sikumjibu vile. Niliomba aniachie kitabu siku tatu, na siku ya nne aje pamoja na kijana wake. Leo nataka niwaeleze kwa nini, maana najua mama huyu si peke yake. Katika nyumba nyingi za kambi na za mji kuna kitabu kimoja chini ya matela.

Neno refu sawa treni ya mawe

Neno lenyewe, egzistansialismu, ni refu sawa treni ya kubeba mawe ya shaba. Tusiliogope. Tuanze na neno la kwanza, filozofia. Ni neno la Kigiriki, maana yake kupenda hekima. Watoto wetu wanakutana nalo katika madarasa ya mwisho ya sekondari, wakati wanatayarisha Exetat. Wengi wanashika majina na tarehe sawa kasuku, na kiisha mtihani wanaacha yote kwenye mlango wa kalasi.

Hatuwezi kuwalaumu sana. Vitabu vingi vya wanafilozofia ni vigumu kweli. Kitabu kikubwa cha Sartre, L'Être et le Néant, kilichotoka mwaka 1943, kina kurasa zaidi ya 700, na hata maprofesa wanakisoma na jasho. Lakini tarehe 29 Oktoba 1945, vita vimekwisha karibuni, Sartre alialikwa kule Paris azungumze mbele ya watu wote, si mbele ya maprofesa tu. Watu walifika wengi kupita kipimo. Walisukumana, viti vikavunjika, wengine wakazimia. Mazungumzo ya jioni ile yalichapwa mwaka 1946. Ndicho kile kitabu chembamba cha chini ya matela.

Alisema nini? Alitoa mfano wa kisu cha kukatia karatasi. Sisi tuchukue jembe. Fundi anayefua jembe anajua mbele ni la kazi gani, linahitaji chuma gani na mpini gani. Jembe halijafika duniani, na kazi yake imekwisha kupangwa. Sartre anasema: mtu si vile. Yeye haoni Mungu aliyempanga. Basi kwake, mtu anafika kwanza duniani, anajikuta ni hai, kisha kwa matendo yake anajitengeneza kuwa mtu wa namna fulani. Hakuna anayezaliwa mwoga sawa jembe linavyotoka jembe. Mwoga ni yule anayetenda matendo ya uwoga, na kesho anaweza kutenda mengine.

Hapo ndipo uzito wa kitabu. Kama ni hivyo, udhuru wetu wote unaanguka. «Mimi ni mulevi juu papa alikuwa mulevi.» «Naiba juu kila mutu ku kazi anaiba.» «Nilimupiga bibi juu alinikasirisha.» Huyu mtu asiyeamini Mungu anatujibu: hapana, ndugu, ni wewe uliyechagua. Niwaulize ninyi wazazi: je, hilo ni neno ambalo hatupendi watoto wetu walisikie?

Sisi Wakristu hatukubaliani naye pale mwanzo. Tunaamini kwamba Mungu alituumba na anatujua. Lakini hakutuumba sawa jembe. Katika kitabu cha Kumbukumbu la Torati, sura ya 30, Mungu anawaweka watu wake mbele ya uzima na kifo, na anataka wachague wao wenyewe. Jembe haliulizwi. Mtu anaulizwa.

Si wote waliomkana Mungu

Sartre mwenyewe, katika kitabu kile kile, anasema kuna makundi mawili ya watu wa egzistansialismu: wasioamini, na Wakristu. Wengi wanaomwogopa hawajafika kwenye ukurasa huo.

Anayehesabiwa kuwa baba wa mawazo haya alikuwa Mkristu, Søren Kierkegaard, Mprotestanti wa Copenhagen katika inchi ya Denmark. Alizaliwa 1813, akafa 1855. Mwaka 1843 alitoa kitabu juu ya Abrahamu akimpeleka mwanawe Izaka mlimani. Kierkegaard alichoka na wale wanaohubiri habari ile haraka haraka, kwa sababu wanajua mwisho wake ni mzuri. Alitaka tutembee na Abrahamu zile siku tatu za njia, wakati mzee hajui mwisho. Hakuna aliyeweza kuamini pahali pake. Ni vile kwa kila mmoja wetu: unaweza kurithi nyumba ya baba, lakini imani yake huwezi kuirithi bila kuichukua wewe mwenyewe.

Mwingine ni Gabriel Marcel, Mfaransa aliyezaliwa 1889. Hakulelewa katika imani, lakini alibatizwa Mkatoliki mwaka 1929, akiwa na miaka 39. Wakati wa vita vya 1914–1918 afya yake haikumruhusu kuwa askari, akafanya kazi na Msalaba Mwekundu katika ofisi ya kutafuta askari waliopotea. Kwa kila askari kulikuwa na fishi ya karatasi. Lakini mbele ya meza yake walifika watu wa jamaa zao, kila mmoja akiulizia mtu wake. Hapo alifahamu kwamba mtu si fishi.

Sisi wa inchi ya migodi tunalifahamu neno hili upesi. Ni wangapi kati ya wazee wetu walijulikana kazini kwa nimero ya matrikule kuliko kwa jina? Mwaka 1935 Marcel alitoa kitabu Être et avoir. Kwa Kiswahili tofauti ni silabi moja ndogo: «kuwa», na «kuwa na». Mtu anaweza kuwa na parsela, motokari na telefone tatu, na siku vitu hivi vinapoondoka, hajui tena yeye ni nani. Wale walioona kazi ya migodi ikianguka katika miaka ya 1990 wanajua ninasema nini. Kuna baba aliyepoteza mshahara akabaki baba. Kuna mwingine aliyepoteza vyote viwili.

Kijana mwenye njia mbili

Siku ya nne walifika wawili, mama na kijana wake wa miaka kumi na tisa. Nilitazamia kijana atabisha juu ya Mungu, sawa vijana wanavyopenda. Hakusema neno juu ya Mungu. Alichukua kitabu na kufungua pahali alipokunja ukurasa.

— Mwalimu, huyu kijana wa mu kitabu ni mimi.

Habari yenyewe ni hii. Wakati wa vita, mwanafunzi mmoja wa Sartre alimfikia kuomba shauri. Kaka yake mkubwa aliuawa Wajerumani waliposhambulia mwaka 1940, na kijana alitaka kulipa kifo kile. Baba yake alikuwa na ugomvi na mama, tena alielekea upande wa adui. Mama alibaki na mtoto huyu mmoja tu wa kumtuliza. Kijana alikuwa na njia mbili: kuvuka kwenda Uingereza kuingia katika jeshi la Wafaransa huru, ao kubaki nyumbani kumsaidia mama aweze kuishi. Akibaki, anasaidia mtu mmoja, na matunda yake yanaonekana kila siku. Akienda, anasaidia taifa zima, lakini pengine atakwama njiani, ao atawekwa katika ofisi kuandika karatasi, na yote yaishe bure.

Sartre anapima: nani atamwamulia? Dini inafundisha kumpenda jirani. Vema, lakini jirani hapa ni nani, mama ao wale ndugu wanaopigana? Aende kwa padri? Lakini mapadri si wote wa namna moja, na ukichagua padri gani wa kumwuliza, umekwisha kuchagua karibu jibu lote. Basi Sartre alimwambia kwamba yeye ni huru, achague mwenyewe. Hakumpa zaidi.

Kijana wetu hakuwa na vita, lakini alikuwa na njia mbili. Baba yake alifariki miaka minne iliyopita. Mama anauza unga sokoni. Nyuma yake kuna wadogo watatu wanaosoma. Alipata Exetat yake na anataka kwenda universite Lubumbashi. Lakini mjomba wake, anayechimba katika kariere moja, amemwekea fasi katika ekipi yake. Pale pesa inaonekana upesi, siku ambazo mawe yanatoka. Akienda Lubumbashi, anamwachia mama mzigo wote. Akishuka katika shimo, anaacha masomo, na pengine siku moja anaacha mwili.

Miezi miwili alikuwa amebeba jambo hili usiku, yeye na kitabu na mwangaza wa telefone. Mama alifikiri mtoto anatafuta namna ya kumkana Mungu. Kumbe alikuwa anatafuta mtu wa kumfahamu.

«Na ule mama, nani alimuuliza?»

Mama hasomi Kifaransa. Nilimwomba kijana amweleze mama yake ukurasa ule kwa Kiswahili. Alijaribu. Mara mbili alikwama, akatafuta neno, akarudi nyuma. Mama alisikiliza, mikono juu ya magoti. Kijana alipomaliza, mama aliuliza:

— Na ule mama wa mu kitabu, nani alimuuliza?

Tulinyamaza. Kitabu hiki nimekisoma mara nyingi, nimekifundisha, na swali hili halikunifikia hata siku moja. Tafuteni ninyi wenyewe. Katika habari ile kijana anasema, mwalimu anasema, hata padri anatajwa. Mama anapendwa, anahurumiwa, anapimwa sawa mzigo juu ya mizani. Lakini hakuna anayemwuliza yeye anataka nini.

Kisha akamgeukia mtoto wake:

— Na weye vilevile hukuniuliza. Miezi mbili unalala na hii maneno, na mi niko mu chumba ya pembeni.

Kijana aliinamisha kichwa. Akasema polepole kwamba aliogopa kumwongezea mama taabu. Mama akajibu:

— Taabu ni kutojua. Sikia. Mi sitaki feza ya mu shimo, hii nasema wazi. Lakini sitakuambia «enda», kesho ukasema ni mama njo alinituma. Weye njo utachagua. Mi nasema paka hii: sitakufa na njala juu umeenda ku masomo, na sitakukatala juu umebaki.

Wapenzi wasomaji, mama huyu hajakaa siku moja katika kalasi ya filozofia. Lakini kwa maneno machache alikubaliana na Sartre na kumsahihisha. Alikubali kwamba hakuna anayeweza kuchagua pahali pa mwingine, hata mama kwa mtoto wake. Na alisahihisha hivi: kuchagua wewe mwenyewe si kuchagua peke yako. Ndilo neno ninalotaka mlishike leo, mkisahau mengine yote.

Mwaka ule ule, hapa kwetu

Kuna jambo ambalo vijana wengi hawalijui. Mwaka ule ule wa 1945, Sartre akizungumza kule Paris, kitabu kingine kisicho kinene kilitoka hapa Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo. Jina lake La philosophie bantoue, cha Padri Placide Tempels, Mfransisko wa Ubelgiji aliyefika Kongo mwaka 1933 na kufanya kazi kati ya Waluba upande wa Kamina.

Wakati ule wazungu wengi walifikiri kwamba watu wetu hawana filozofia yoyote. Tempels aliandika kwamba wanayo. Kwao, alisema, mtu si kitu kinachosimama peke yake. Ni uzima wenye nguvu, na nguvu ile inaongezeka ao inapunguka kadiri mtu anavyoungana na wengine: wazazi, wahenga, watoto, na Mungu aliye chanzo. Kitabu hiki nacho kisisomwe sawa Injili. Watu weusi wenyewe walikikosoa. Aimé Césaire wa Martinique alikishambulia mwaka 1950, akiona kinawasaidia wakoloni, na Fabien Eboussi Boulaga wa Kameruni alikipima kwa ukali mwaka 1968. Lakini ni vema kijana wa Katanga ajue kwamba maswali haya yalichapwa katika mji wetu wakati mmoja na Paris.

Na Tempels hakubaki na kitabu tu. Katika miaka ya 1950, huko Kolwezi, alikutana na wafanyakazi wa migodi na mabibi zao, baba na mama pamoja, akawasikiliza. Hapo ilizaliwa Jamaa, ambayo wazee wengine kati yenu mnaikumbuka, na mnakumbuka vilevile matatizo iliyopata baadaye na wakubwa wa Kanisa. Maneno yake makubwa yalikuwa matatu, yote ya Kiswahili: uzima, uzazi, mapendo. Hakuna hata moja kati ya hayo matatu ambalo mtu analifanya peke yake. Swali la mama wa soko lilitoka katika kisima hicho, hata kama yeye hakukitaja.

Tusome nini, na namna gani?

Vijana wengi wananiuliza waanzie wapi. Nitataja vitabu vichache tu, vyote kwa Kifaransa. Tafuteni katika bibliotheki ya parokia ao ya universite, kwa mapadri, ao kwa wale wanaouza vitabu vya mitumba kando ya barabara.

Cha kwanza ni Le Monde de Sophie, cha Jostein Gaarder, aliyekuwa mwalimu wa filozofia katika sekondari inchini Norway. Kilitoka kwao mwaka 1991, na kwa Kifaransa 1995. Ni kinene, lakini kinasomwa sawa hadisi. Msichana karibu wa miaka kumi na tano anapata karatasi katika sanduku la barua, hazina jina la mwandishi, zinamwuliza yeye ni nani na dunia ilitoka wapi. Kutoka pale anafundishwa filozofia yote tangu Wagiriki. Kierkegaard na Sartre wanakuja karibu na mwisho. Mtoto wa miaka kumi na tano anaweza kukifuata.

Cha pili ni La Peste, cha Albert Camus, kilichotoka mwaka 1947. Camus hakupenda kuitwa mtu wa egzistansialismu, lakini maswali yake ni yale yale. Alizaliwa mwaka 1913 katika Aljeria. Baba yake alikufa vitani mwaka uliofuata, mama yake hakujua kusoma, alisafisha nyumba za watu. Mwalimu wake wa shule ya msingi ndiye aliyemsukuma mbele, na Camus alipopata zawadi ya Nobel mwaka 1957, alimwandikia mwalimu yule barua ya shukrani. Walimu, mshike neno hilo. Kitabu kinasimulia mji wa Oran uliofungwa kwa ugonjwa wa tauni. Sisi tuliopita katika kipindupindu, na katika Covid ya mwaka 2020, tutajikuta mle. Kuna padri anayehubiri kwamba tauni ni azabu ya watu. Kisha anasimama mbele ya mtoto anayekufa kwa mateso makali. Anapopanda tena kuhubiri, hasemi tena «ninyi», anasema «sisi». Natamani kila mhubiri asome kurasa hizo.

Cha tatu ni kile chembamba cha Sartre. Someni mpaka mwisho, si ukurasa mmoja wa kubishia nao. Na mkumbuke kwamba Indeksi ya Kanisa iliondolewa nguvu zake mwaka 1966. Mtume Paulo aliwaambia Watesalonike wapime mambo yote na washike lililo jema, na kupima si kuchoma. Sartre mwenyewe alikuwa mfungwa wa vita huko Ujerumani, na kwa Noeli ya 1940 aliwaandikia wafungwa wenzake, na mapadri walikuwamo, mchezo juu ya kuzaliwa kwa Yezu, jina lake Bariona. Hakugeuka kuwa mwamini. Lakini hakukataa kuketi nao.

Vya Marcel na Tempels mviweke nyuma, mkiisha kuzoea. Être et avoir kwa sehemu kubwa ni daftari la mawazo ya kila siku, na anayekianza bila kiongozi anapotea.

Na neno moja la kuonya, ninalisema kwa wazazi. Camus ana kitabu kingine, Le Mythe de Sisyphe, cha 1942. Ni juu ya mtu aliyehukumiwa kusukuma jiwe juu ya mlima, jiwe likashuka, akaanza tena, siku zote. Mtu wa migodi anamfahamu mtu huyu bila mwalimu. Lakini kitabu kinaanza na swali kama maisha yanastahili kuishiwa. Camus anajibu kwamba yanastahili, mtu asijiue. Hata hivyo, kijana aliye na huzuni nzito asiachwe peke yake na kitabu hicho. Aketi naye mtu.

Sasa namna ya kusoma. Soma kurasa kumi tu kwa siku, na daftari kando. Someni wawili ao watatu, katika kikundi cha vijana ao nyumbani kiisha bukari ya jioni. Na fanya sawa kijana yule alivyofanya: ueleze kwa Kiswahili ulichosoma, kwa mama, kwa baba, kwa mdogo wako. Ukishindwa kukieleza kwa Kiswahili, ujue haujakifahamu bado, umeshika tu Kifaransa chake.

Nanyi wazazi, mkikuta kitabu chini ya matela, mbele ya kutafuta mbabula ulizeni mtoto swali moja: «Hii kitabu inasema nini?» Kisha mketi, msikilize mpaka mwisho. Pengine hamtasikia habari za Sartre. Pengine mtasikia jambo ambalo mtoto amebeba miezi miwili, na ninyi mko katika chumba cha pembeni.

Mtaniuliza: kijana yule alichagua nini? Sitaandika. Nikiandika kwamba alikwenda Lubumbashi, kuna kijana mwingine atasema «gazeti limesema twende». Nikiandika kwamba alibaki, mwingine atasema vivyo hivyo. Nitasema tu kwamba alichagua, na siku alipochagua mama yake alikuwa ameketi pale, na mjomba naye aliitwa. Kitabu kimerudi nyumbani. Sasa kiko juu ya meza.

Tuonane mwezi ujao. Mungu awalinde, ninyi na wote walio chini ya udongo kazini saa hii.